Wenyeji wa Kiangumba

Mara ya kwanza Wakonyo kuwasikia ilikuwa mchana, muda mfupi baada ya kengele ya shule. Alikuwa amepanda mgongo wa kilima cha Kiangumba kumpelekea baba yake githeri ya mahindi na maharagwe, maana mzee huyo akishaanza kukagua mizinga yake ya nyuki hakumbuki kuteremka kula. Ukungu ulikuwa umeshuka kutoka milima ya Nyandarua, umeyameza mashamba yote ya Othaya, na njia ilionekana hatua chache tu mbele. Karibu na kilele alimsikia baba yake akizungumza. Mzee Kihara alikuwa akitumia lugha yao ya zamani, polepole, kama mtu anayeuliza jambo. Akanyamaza. Kisha akajibiwa.

Wakonyo alisimama pale pale. Mtu wa mwisho aliyeweza kuzungumza lugha hiyo na baba yake alikuwa binamu yake, Wahome, na Wahome walimzika kabla ya mvua ndefu. Wakonyo mwenyewe alijua maneno machache tu: ya nyuki, ya moto, ya kumwita mtoto, ya kuomba mlango ufunguliwe. Wengine wote katika zile nyumba chache za ukoo wao walisema Kikuyu tangu kuzaliwa.

Aliposogea alimkuta baba yake ameketi peke yake ukingoni mwa shimo. Kiangumba ilikuwa na mashimo mengi ya namna ile, mviringo, mapana kama nyumba, yenye nyasi fupi ndani. Kila mtu wa Othaya alijua habari zake. Hapo zamani waliishi humo watu wafupi walioitwa Gumba, wakafukuzwa na Wakikuyu, wakaingia ardhini wasionekane tena. Watoto waliambiwa hadithi hiyo ili walale. Kihara hakuwahi kuisimulia. Yeye alisema tu kwamba bibi zake walikuwa Gumba na babu zake walikuwa Athi, wawindaji wa msitu, na kwamba yeye hakufukuzwa na mtu.

"Baba, ulikuwa unaongea na nani?"

Mzee aligeuka haraka. "Umesikia?"

"Nimesikia sauti mbili."

Uso wa mzee ulilegea, kama wa mtu aliyetuliwa mzigo. "Basi si masikio yangu," alisema. "Nilidhani ni uzee." Akaipokea githeri, akala akitazama shimoni.

Huo ulikuwa mwaka 1962. Kila mtu alizungumza habari za Uhuru, na kabla ya Uhuru, katiba. Redio ilitangaza kwamba tume ingezunguka nchi kuwauliza watu wanataka mipaka ya majimbo ipite wapi na kila jamii inataka kuwa na nani. Kihara alisikiliza tangazo hilo dukani, akarudi nyumbani, akamwambia binti yake amtafutie koti. Alitaka kwenda Nyeri mbele ya tume. Alitaka mambo mawili. Kwanza, jina la watu wake liandikwe katika katiba pamoja na majina ya wengine. Pili, Kiangumba itawaliwe na wazee wa Kiangumba, wao ndio waamue nani akate mti, nani atundike mizinga, nani azikwe wapi.

Haikuwa tamaa. Wakati wa Hali ya Hatari askari wa kikoloni waliwateremsha kutoka kule juu, wakawatia katika kijiji cha handaki na miti iliyochongwa ncha, wakawaandika Wakikuyu kwa sababu karani hakuwa na jina lingine la kuandika. Miaka ile ilipokwisha, walikuta Kiangumba inaitwa msitu wa serikali. Kihara alikuwa anaingia kwenye mizinga ya baba yake kama mwizi.

Wakonyo alikuwa mwalimu na mjane. Shemeji yake, Mutahi, ndugu mdogo wa marehemu mume wake, alikuwa kiongozi wa chama pale Othaya, mtu mwenye sauti kubwa na moyo usio mbaya, aliyewalipia wengi kesi zao. Alipopata habari za safari ya Nyeri alikuja jioni hiyo hiyo.

"Shemeji, tulifungwa pamoja, tukapigwa pamoja," alisema. "Leo ndio mmejua ati nyinyi ni watu wengine?"

"Tumejua siku zote. Hakuna aliyetuuliza."

"Mzungu anatafuta nyufa. Akiona ufa anaweka kabari. Wewe ni mwalimu, unaelewa."

"Na Uhuru ukija, Kiangumba itakuwa ya nani?"

"Itakuwa ya wananchi."

"Wananchi gani, Mutahi?"

Mutahi aliizungusha chai kikombeni. Alipoaga alisema, kwa upole, kwamba na yeye atakuwepo Nyeri, na kwamba akiulizwa atasema anachokijua.

Wakonyo na baba yake waliondoka siku moja kabla ya kikao, wakapata lori la kabichi. Nyeri ilikuwa imejaa watu waliokuja kwa ajili ya tume. Walipata chumba katika mtaa wa Majengo, karibu na msikiti, kwa mama wa Kisomali aitwaye Safiyo, ambaye mume wake Yarrow alikuwa mfanyabiashara wa mbuzi huko Nanyuki. Yarrow naye alikuwa na maneno ya kuiambia tume kuhusu watu wake, kwa hiyo Safiyo hakuhitaji kuelezwa sana.

Walikuwa wamekaa ndani jua la alasiri likiingia mlangoni, Safiyo alipoleta sinia la wali. Lilikuwa sinia la harusi, wali umefika ukingoni, na juu yake nyama. Alilitua chini, akatazama huku na huku.

"Wenzenu wako wapi?"

"Ni sisi wawili tu, mama," Wakonyo alisema.

"Hapana. Nimewaona nikiwa uani. Mmeingia nyinyi mbele, wao wakafuata." Safiyo alionyesha kifuani pake. "Watu wafupi hivi. Wamevaa ngozi. Nilisema, maskini, wametoka mbali, nguo hawana. Nikaongeza maji kwenye sufuria."

Wakonyo alimtazama baba yake. Mzee alikuwa amevua kofia. Alimega wali kwa vidole, akauweka kando ya sinia, fungu baada ya fungu, akisema neno dogo kila mara. Safiyo alisoma dua kwa sauti ya chini, akatoka. Aliporudi kuchukua vyombo, sinia lilikuwa tupu. Wakonyo alikuwa amekula kidogo sana kwa hofu, na baba yake alikula kidogo siku zote. Hakuweza kusema aliona mkono wowote ukigusa chakula kile. Alikuwa ameyafumba macho.

Kikao kilifanyika asubuhi katika ukumbi wenye paa la mabati. Mbele waliketi wazungu watatu wa tume nyuma ya meza, na pembeni kijana mkalimani aliyeitwa Ndungu, shati jeupe, tai nyembamba. Watu waliitwa kundi kwa kundi. Ilipofika zamu yao, Wakonyo na baba yake walisogea mbele, na nyuma yao hapakuwa na kitu ila sakafu tupu na ukuta.

Mwenyekiti, mzee mwenye nyusi nyeupe, alisema jambo kwa Kiingereza akiashiria ukuta ule. Ndungu alisita. Mwenyekiti akarudia.

"Anasema," Ndungu alitafsiri, akigeuka kuangalia nyuma, "anasema hao wengine waketi. Anasema kuna mabenchi, wasisimame."

Ukumbini kulikuwa na minong'ono. Mtu mmoja alicheka. Wakonyo alielewa Kiingereza, na alijua Ndungu hakukosea.

"Wamezoea kusimama," Kihara alisema kwa Kikuyu. Akaanza maelezo yake. Alisema vizuri, bila papara. Alitaja mito inayopakana na Kiangumba, akaeleza wazee wao walivyogawana msitu, na jinsi walivyoandikwa jina lisilo lao. Alipomaliza, mwenyekiti aliuliza kama kuna mtu anayepinga.

Mutahi aliinuka.

"Mimi namheshimu mzee huyu. Ni kama baba yangu," alisema. "Lakini Gumba waliisha. Kila mtoto anajua waliisha."

"Waliisha kwa nani?" Kihara aliuliza.

"Mzee, hata lugha hamna! Watu wasio na lugha ni watu gani?"

Ndipo Kihara alipogeukia ule ukuta na kusema kwa lugha yake. Hayakuwa maneno mengi. Wakonyo alitambua moja tu, lile la kumwita mtoto aliye mbali. Ukumbi ulikuwa kimya, na katika kimya hicho kukaja harufu ya udongo mbichi na moshi wa mzinga. Wengi waliisikia harufu ile, Wakonyo alihakikisha baadaye, ingawa kila mmoja aliipa sababu yake. Sauti, waliisikia wachache. Yeye aliisikia. Ilikuwa kama mkutano mzima unaoitikia kutoka chumba cha pili, huku katikati pana mlango uliofungwa.

Mwenyekiti alivua miwani. "Mwambie bwana huyu," alimwambia Ndungu, akimwelekezea Mutahi kalamu, "sielewi malalamiko yake. Lugha anayosema haipo, mimi nimesikia ikijibiwa na umati."

Ndungu alitafsiri. Mutahi alitazama ukuta, akatazama watu, akaketi polepole. Paji lake lilikuwa linang'aa kwa jasho.

Kihara alirudi Othaya akiwa na furaha ya mtoto. "Ametuona," alikuwa akisema ndani ya lori. "Ametoka ng'ambo huko, na ametuona."

Ripoti ya tume ilipotoka, Wakonyo aliisoma kwenye maktaba ya Nyeri tangu mwanzo hadi mwisho. Jimbo lao lilichorwa. Jamii nyingi zilitajwa, kubwa na ndogo. Watu wa Kiangumba hawakutajwa hata kwa kukataliwa. Aliirudia tena, akidhani ukurasa umebanduka, mpaka msimamizi akamwambia anafunga mlango.

Hakujua namna ya kumwambia baba yake. Alimwambia hivyo hivyo, wakiwa jikoni. Mzee alichochea moto.

"Basi wale wazungu hawakutuona," alisema. "Waliwaona wale wa zamani tu. Wakadhani ndio sisi. Walipotafuta watu wa kuandika, wakatukosa."

Alifariki kabla bendera haijapandishwa. Usiku ule wa Uhuru, Othaya nzima ilipokuwa inaimba, Wakonyo alibaki nyumbani, na hakujua kama analia kwa furaha ya wenzake au kwa ajili ya baba yake.

Miaka miwili baadaye Kiangumba ilikatwa viwanja. Wapimaji walikuja na minyororo na vigingi vyao, na majina yakasomwa barazani. Watu wa ukoo wa Kihara walipewa ardhi kama walivyopewa wengine wasio na ardhi, bondeni, mbali na mizinga. Kile kilele alipewa Mutahi. Wakonyo alikwenda kwake.

"Ungeweza kukataa," alimwambia.

"Nikikataa mimi, atapewa mwingine asiyekujua hata jina."

"Angalau huyo asingeniita shemeji."

Mutahi aliumia, ilionekana. Lakini alijenga. Mahali pazuri pa nyumba palikuwa juu ya shimo kubwa kuliko yote, lile ambalo Kihara alipenda kukaa ukingoni mwake. Vibarua walilijaza udongo. Asubuhi walikuta umedidimia kama haukuwahi kumwagwa. Wakajaza tena, ukadidimia tena. Vibarua wa kutoka Gakindu waliacha kazi bila kudai ujira. Mutahi akaleta mawe kwa lori, na juu ya mawe akamwaga sakafu nzito ya simiti, na sakafu ikatulia. Alihamia na mke wake Wacera na watoto wao, nyumba ya mabati mapya, madirisha ya vioo.

Wacera ndiye aliyeanza kusikia. Alikuwa mwanamke mkimya, wa kanisa, asiyependa maneno ya ushirikina. Ukungu ukishuka mchana, mume akiwa mjini na watoto shuleni, alisikia watu wakizungumza chini ya miguu yake. Mwanzoni alizima jiko akidhani ni maji yanayochemka. Kisha akaanza kuketi sakafuni kuwasikiliza. Hawakutisha, alimweleza Wakonyo baadaye. Walikuwa kama majirani. Kulikuwa na wanawake, na mtoto aliyekuwa akilia, akibembelezwa. Lakini walikuwa na sentensi moja waliyoirudia, wakipokezana, na kadiri miezi ilivyopita waliisema kwa sauti ya juu zaidi.

Mutahi hakusikia chochote kwa muda mrefu. Siku alipoisikia, alikuwa ameketi mezani akinywa uji. Kikombe kilitetemeka juu ya meza, na sauti ile ikapanda kupitia miguu ya kiti hadi mgongoni mwake. Alitoka nje bila viatu, akateremka bondeni hadi shuleni, akamwita Wakonyo darasani mbele ya wanafunzi.

"Njoo, shemeji," alisema. "Tafadhali. Niambie wanasema nini."

Wakonyo angeweza kukataa. Alifikiria kukataa njia nzima. Walipofika, Wacera alikuwa amekaa sakafuni, kanga begani, kiganja kimelalia simiti. Dirishani hakukuonekana kitu ila weupe wa ukungu.

"Sasa wamenyamaza," Wacera alisema. "Lakini nimeshika maneno yenyewe." Akayatamka, bila kosa, kwa mkazo ule ule wa marehemu Kihara.

Maneno hayo Wakonyo aliyajua tangu utotoni. Ndiyo aliyoyasema akirudi na kuni, akikuta wamefunga.

"Wanasema nini?" Mutahi aliuliza.

"Wanauliza nani amefunga mlango."

Kisha chini yao, wazi kabisa, kana kwamba wametajwa na wakaitika, wale watu waliuliza wenyewe.

Mutahi alikwenda kibandani, akarudi na mtaimbo. Wacera alihamisha meza. Mutahi alipiga sakafu ile aliyoilipia kwa mauzo ya kahawa yake, akapiga mpaka viganja vikachubuka, na simiti ilipopasuka ikaanguka ndani. Hawakusikia ikifika chini. Mawe yote aliyoleta hayakuwepo. Palikuwa na giza tu, na kutoka gizani ikapanda pumzi ya joto yenye harufu ya asali na nyama ya kuchoma, na kwa mbali mtoto aliyekuwa analia akanyamaza.

Mutahi alipiga magoti. "Nilisema mliisha," alisema kule chini, kwa Kikuyu, kwa kuwa hakuwa na lugha nyingine ya kuwaambia. "Nilisema mbele ya watu."

Wacera alimwinua kwa mkono.

Walihama wiki hiyo hiyo. Mutahi aling'oa mabati, akaacha kuta zianguke zenyewe. Halmashauri ya ardhi ilipokaa tena Nyeri, alikwenda pamoja na Wakonyo. Wenzake wa chama walimshika mkono mlangoni na kumwuliza kama amerogwa. Aliingia, akasema kwamba kuna watu wa Kiangumba, kwamba walikuwepo kabla yake, na kwamba yeye anakirudisha kiwanja chake si kwa serikali bali kwao, na wajiwekee wazee wao. Afisa alimwuliza ushahidi. Mutahi alionyesha viganja vyake, kisha akaona aibu, akavirudisha mfukoni.

"Mimi ndiye ushahidi," alisema. "Mimi ndiye niliyewakana."

Jambo hilo lilichukua muda, na lilimgharimu. Uchaguzi wa tawi uliofuata hakupata hata kura za majirani zake. Lakini mwisho wake kilele kile hakikugawanywa tena. Kiliandikwa kuwa ardhi isiyolimwa, iliyo chini ya kamati ya ukoo wa Kihara, na kamati hiyo ndiyo inayoamua nani atundike mzinga na mti upi usikatwe. Si jimbo. Si katiba. Wakonyo aliendelea kupeleka maombi Nairobi kila bunge jipya lilipoanza, akiomba jina liandikwe, na kila mara alijibiwa kwamba jambo lake linaangaliwa. Alikuwa na hasira, na hasira hiyo ilimsaidia kuamka.

Jambo moja lilibaki kumshangaza. Wacera aliendelea kupanda Kiangumba mchana wa ukungu. Siku moja alipitia kwa Wakonyo akishuka, akakaa jikoni, akasema sentensi ndefu katika lugha ile, kisha nyingine. Wakonyo alishika neno la moto. Mengine yote hakuwahi kuyasikia hata kwa baba yake.

"Maana yake nini?" aliuliza.

Wacera alimweleza. Ilikuwa habari ya namna ya kuhamisha nyuki bila kumuua malkia, kazi ambayo wanawake walikuwa wakiifanya.

Wakonyo alichukua chaki mfukoni mwa koti lake la shule, akaandika neno la moto juu ya ubao wa kukatia mboga, maana hakukuwa na kitu kingine karibu. "Rudia polepole," alisema. "Kesho nina watoto wa darasa la nne."